Maharage ya Hosteli

Zawadi na Shabani, juzi mlinifanyia sherehe ya kustaafu, mkaandika kwenye keki "Pumzika Salama Mzee Gama", na mimi hata miaka thelathini na mbili sijafika. Nilicheka pamoja nanyi. Nilipofika chumbani nikaanza kuwaza kama "pumzika salama" ni maneno ya kustaafu au ya msibani, na usingizi ukachelewa. Asubuhi niliamua kwamba mtu akishaitwa mstaafu anapata angalau haki moja, ya kuwasimulia wanaobaki. Wiki ijayo naanza kazi ya uhifadhi niliyoisomea, mbali na Mikumi, na jiko nawaachia ninyi wawili. Sitazungumzia vyeo wala mishahara. Jikoni kwetu vyeo vilikuwa viwili tu, anayepika na anayemenya vitunguu.

Nilifika hapa na shahada ya uhifadhi wa wanyamapori, bahasha ya vyeti na shati nililolinyoosha mara mbili. Nilikuwa natafuta kazi ya kutembeza wageni hifadhini. Mwenye hosteli alisoma vyeti vyangu vyote, hata cha darasa la saba, kisha akasema waongoza wageni wapo wengi, ila jikoni kuna pengo. "Unajua kupika?" aliniuliza. Nikafikiri. Kujua kupika ni nini hasa? Kuchemsha mayai kunahesabika? Ugali wa geto chuoni je? Nilifikiri muda mrefu hadi yeye akachukua ukimya wangu kuwa ndiyo, akaniita nimfuate.

Jikoni nilimkuta Mama Upendo, mpishi mkuu, amekaa kwenye kigoda anachambua maharage. Ninyi hamkumkuta kazini, mmemsikia tu kwenye hadithi zangu. Alikuwa mwanamke mfupi, mpana, mwenye sauti ya kuita watu kutoka ng'ambo ya mto.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Kwenu wapi?"

"Kimamba."

"Kimamba ni kwa kila mtu, mkonge uliwaleta wote. Nauliza kwenu hasa."

"Babu alitokea Songea."

Alisimama, akagonga mfuniko kwa mwiko kama anayeita mkutano. "Mngoni! Jamani, nimeletewa Mngoni jikoni kwangu! Leo babu zangu wa Iringa watalala usingizi mzuri. Menya vitunguu, mtani, na ukilia tutajua ni kwa sababu ya vita ile tuliyowapiga."

"Mama, nijuavyo sisi ndio tuliowapiga ninyi."

"Chuoni ndiko walikokudanganya hivyo? Menya."

Hivyo ndivyo nilivyoajiriwa. Wahehe na Wangoni ni watani tangu babu zao walipochoka kupigana, na kwa miaka yote niliyofanya kazi na yule mama sikumbuki siku moja iliyopita bila yeye kunitukana kwa upendo. Nilipopata malaria alikuja na uji, akaniambia nisife kwanza maana hajapata Mngoni mwingine wa kumenya vitunguu.

Vifaa mnavijua, lakini tabia zake labda hamzijui. Ovena inachoma upande wa kushoto, kwa hiyo geuzeni trei katikati ya mapishi. Plate ya nyuma ya jiko la gesi haijawahi kuwaka tangu nije, na kila fundi aliyekuja aliisifia. Sufuria kubwa yenye kibonyeo ndiyo ya maharage. Msikubali mtu aipikie uji. Mfuniko wake ni bapa, hauna kishikio, na mtu mgeni hudhani kimevunjika. Mama Upendo alikitoa mwenyewe kwa makusudi. Sababu yake nitaifikia.

Kitu kingine alichoniachia si cha kushika. Mnajua mimi huwaza. Siku ya kwanza kuambiwa niandae kifungua kinywa peke yangu, nilisimama mbele ya jiko nimekauka.

"Unaogopa nini?" akaniuliza.

"Yakiungua je?"

"Tutakula yaliyoungua. Kingine?"

"Wageni wakikataa?"

"Tutakula na ya wageni. Kingine?"

"Gesi ikiisha katikati?"

"Mkaa upo nje. Kingine?"

Nilitafuta, nikatafuta, nikakuta hofu zimeisha. Akanipa mwiko. Hakuniambia nisiogope, jambo ambalo watu wengine wameniambia maisha yangu yote bila faida. Aliziacha zitoke zote, moja moja, hadi nikachoka mimi mwenyewe.

Sasa tuje kwenye maharage, kwa sababu ndiyo yaliyonifanya niwe mpishi. Wageni wetu wengi wanaotoka nje hupenda asubuhi kula maharage ya kopo, yale matamu yaliyozama kwenye rojo ya nyanya. Mara ya kwanza niliyaonja nikadhani yameharibika. Maharage na sukari! Shabani, wewe hukushangaa, maana kwenu pwani mnayatia sukari na nazi wakati wa futari. Sisi wa Kimamba tulilelewa na maharage ya chumvi, na mtu akiyakuta matamu anauliza ni nani amekosea mkebe.

Kisha ikaja masika moja barabara ikakatika, makopo yakakwama njiani, na hosteli ilikuwa imejaa wanafunzi wa kizungu. Mama Upendo akasema tutayapika wenyewe. Nilifurahi, maana hapo niliona nafasi ya shahada yangu. Nikatafuta kwenye simu, nikapanga, nikaweka maharage makavu yaliyolowekwa, nyanya, ndimu na sukari, vyote kwa pamoja, nikawasha moto. Mchana yalikuwa magumu. Jioni yalikuwa magumu. Tuliyageuza geuza kama changarawe. Basi jueni: kitu chochote kichachu, iwe nyanya, siki au ndimu, kikikutana na maharage mabichi kinayafanya yagome kulainika. Yaivisheni kwanza kwa maji matupu. Mama Upendo alipoyaona alisema tu, "Mtani, haya tuwape tembo," kisha tukaanza upya.

Baada ya hapo nilijifunza vizuri. Makopo yaliporudi, wageni wengine waliomba yale ya kwetu. Kulikuwa na bibi mmoja wa kizungu aliyesema ni matamu kabisa, kisha akaacha nusu sahani. Jambo lile lilinisumbua wiki nzima. Kama ni matamu, kwa nini nusu? Chumvi? Rojo? Nilimuuliza Mama Upendo mara nyingi mpaka akaweka kisu chini.

"Gama, baba yangu, yule bibi alikuwa na umbo la mwiko. Alishiba."

Yapo mengine mengi, lakini kazi yangu yote, nikiikunja vizuri, inaingia kwenye siku moja. Ni siku ya sendofu ya Upendo.

Upendo ni mtoto wa pekee wa Mama Upendo. Baba yake alifariki angali mdogo, na mama akawa anafanya kazi huku Mikumi huku mtoto akilelewa na bibi yake Kilosa mjini, mtaa wa Mabwerebwere. Kila wiki, siku yake ya mapumziko, mama alikuwa anakwenda kumwona. Upendo alikua, akasoma, akapata mchumba, na baada ya harusi angehamia Mwanza. Familia ilipomuuliza anataka apikiwe nini siku ya kuagwa, wakitarajia aseme ndafu au biriani, alisema anataka kitu kimoja tu: maharage ya hosteli, yale mama yake aliyokuwa akimletea utotoni kutoka Mikumi.

Mama Upendo alinieleza jambo hilo akiwa ameupa mgongo mlango, anakuna nazi. "Mtoto yule nimemlea kwa simu na kwa nauli," alisema. "Yapo mengi sikuweza kumpa. Hili sitashindwa. Lakini mama wa bibi harusi haruhusiwi kuingia jikoni siku ile. Utapika wewe."

"Mama, je..."

"Kingine?"

"Sijasema hata la kwanza!"

"Nakufahamu. Pika kama ya wageni. Basi."

Nilikwenda mbali kidogo zaidi ya hapo. Nikajiambia, kama ni ya hosteli, yawe ya hosteli kwelikweli. Nilitafuta maharage madogo meupe mpaka soko la Morogoro. Nikaagiza siki ya tufaha, unga wa haradali na sukari nyeusi. Nilipika majaribio mengi kiasi kwamba walinzi wetu walianza kuja kazini na chapati zao kutoka nyumbani. Asubuhi ya siku yenyewe niliyatoa ovenini yakiwa yanang'aa, nikayatia kwenye sufuria ndogo yenye mfuniko, nikaifunga kwa kitenge, nikapanda nayo pikapu ya hosteli hadi Kilosa nimeipakata kama mtoto mchanga. Kila tuta la barabarani lilikuwa na maoni yake.

Mabwerebwere turubai lilikuwa limeshasimama na muziki unajaribiwa. Kadi ilisema saa nane mchana, na mshereheshaji alikuwa bado hajaonekana, kwa hiyo shughuli ilikuwa inakwenda vizuri. Getini nikakutana na Shangazi Veronika, dada wa baba yangu, ambaye anaishi Kimamba na alikuwa jirani wa marehemu baba yake Upendo enzi za reli. Alikuwa amevaa koti la kiume lililogeuzwa ndani nje na shingoni ana mkufu wa magunzi ya mahindi. Mtu mwingine angejiuliza. Mimi ninayejiuliza kila kitu, hilo tu ndilo sikujiuliza, kwa sababu alikuwa shangazi yangu.

"Shikamoo shangazi."

"Marahaba, marahaba mwanangu! Umekonda. Huko Mikumi mnagombania majani na swala?"

"Tunakula vizuri, shangazi."

"Na hicho ulichokipakata?"

"Maharage ya bibi harusi. Ndiyo chakula alichokiomba."

"Cha bibi harusi mwenyewe!" Akapiga kigelegele. "Lete baba, mikono yako imechoka. Jiko liko huku nyuma."

Nikampa kwa mikono miwili, kama ninavyopaswa kumpa shangazi, na hata nikamshukuru.

Nilikwenda kunawa uso. Niliporudi jikoni nilimkuta Bi Mwanaidi, jirani aliyekuwa anasimamia mapishi, mwanamke mrefu asiyecheka ovyo. Akanionyesha sufuria yangu juu ya meza, imefungwa kitenge kilekile kwa fundo zuri kuliko langu. Niliinyanyua kujiridhisha. Ilikuwa nzito sawasawa. Nikaifungua ili nionje chumvi kwa mara ya mwisho.

Ndani kulikuwa na magunzi na nusu tofali.

Kicheko kililipuka nyuma ya uzio. Nilikimbia huko nikamkuta shangazi na wenzake wanne, wote watu wa Kimamba, wamekaa kwenye mkeka na sahani safi kabisa, safi kwa kulambwa.

"Shangazi! Yale yalikuwa ya Upendo!"

"Na Upendo ni mtoto wa nani?"

"Wa Wahehe."

"Na Wahehe ni nani kwetu?"

"Watani."

"Umefaulu. Ndiyo maana tulikusomesha."

"Hakikubaki hata kijiko kimoja?"

"Kipo," alisema, akanionyesha kijiko, kisha akakilamba.

Huwezi kumkasirikia mtani kwenye shughuli. Ukikasirika umeshindwa, na watakuchukulia hata viatu. Mjomba wa Upendo alipopata habari alicheka mpaka akakaa chini, akaapa kwamba harusi ya kwanza ya Mngoni itakayofanyika Kimamba atakwenda kuiba keki. Kisha akanitazama. "Halafu na huyu si Mngoni? Ameingia getini na mali yetu akawapa ndugu zake!" Watu wakapiga makofi. Kwa hesabu zao nilikuwa mwizi wa sita.

Nilicheka nao kwa mdomo. Binti alikuwa ameomba kitu kimoja, mama yake alikuwa amenipa kazi moja, na mimi nilikuwa nimebaki na nusu tofali. Kurudi Mikumi kusingewezekana.

Nikamwomba Bi Mwanaidi anionyeshe kilichopo. Alikuwa na sufuria kubwa la maharage ya njano ya milimani, yameiva, hayajaungwa, yakisubiri kuliwa na wali. Alikuwa na vitunguu vya Malolo. Kioski cha ng'ambo kilikuwa na nyanya ya kopo. Kwenye mkebe wa chai ya tangawizi kulikuwa na sukari guru, na kwenye uzio kulikuwa na mndimu. Siki hakuna, haradali hakuna, maharage meupe hakuna, ovena hakuna. Nikazunguka nyumba hadi kwenye dirisha la chumba alichokaa Mama Upendo na wazee wa kike, amepambwa, amevikwa vitenge vipya, amekatazwa kunyanyua hata kikombe.

"Mama," nikanong'ona.

"Unafanya nini dirishani, wewe?"

"Maharage yameliwa."

"Na nani?"

"Na shangazi yangu."

Wazee wote waliangua kicheko. Yeye alijifuta macho taratibu asiharibu wanja. "Kingine?"

"Hakuna siki."

"Kingine?"

"Haradali pia hakuna. Wala ovena. Wala yale maharage meupe."

"Nimekuuliza hofu, sikukuuliza visivyopo. Kuna nini?"

Nikamtajia. Maharage ya njano, vitunguu, nyanya ya kopo, ndimu. Nilipotaja sukari guru aliacha kucheka. Alinitazama kupitia nondo za dirisha kama mtu aliyesikia jina lake likiitwa mahali asipotarajia.

"Sukari guru," alisema.

"Itaharibu?"

"Hapana." Akavuta kitenge mabegani. "Kaanga vitunguu mpaka vishike rangi. Ndimu mwishoni. Na upalie makaa juu ya mfuniko. Nenda, baba."

Andikeni sehemu hii vichwani, maana ndiyo njia ninayoitumia hadi leo, na inahitaji vitu mnavyovikuta kwenye nyumba yoyote. Kaangeni vitunguu kwa mafuta kiasi, moto mdogo, mpaka viwe na rangi ya kahawia ya kuungua kidogo pembeni. Hapo ndipo utamu wa kwanza unapotoka, na msiuharakishe. Tieni nyanya ya kopo, korogeni mpaka ile harufu ya ubichi iondoke na mafuta yajitenge. Pondeni sukari guru, tieni kidogo kidogo mkionja. Maharage yaliyoiva yafuate pamoja na maji yake yaliyochemkia, msiyamwage, ndiyo yanayofanya rojo iwe nzito. Chumvi, pilipili manga. Kisha funikeni kwa mfuniko bapa, punguzeni makaa chini, na yale mengine yapangeni juu ya mfuniko, kama mtu anavyooka keki kwenye jiko la mkaa. Ndiyo sababu mfuniko wetu hauna kishikio: makaa yanataka pa kukaa. Moto wa juu unakausha uso, pembeni panang'ang'ania sufuria na kuwa patamu kama ukoko. Rojo ikishika mgongo wa kijiko, epueni, kamulieni ndimu. Hakuna siri nyingine.

Bi Mwanaidi alinitazama nikitia sukari kwenye maharage yake. Alikwenda tu kusogeza sufuria lake kubwa mbali na mimi.

Mshereheshaji alifika hatimaye, na shughuli ikaanza. Upendo aliingia akicheza na wenzake, wakamzungusha turubai zima. Muda wa chakula ulipofika, ikatangazwa kwamba mama atampelekea mwanawe sahani aliyoiomba. Mama Upendo alitoka ndani, mimi nikamfuata nyuma nimeshika sufuria kwa vitambaa, jivu bado juu ya mfuniko, nikiwaza kwamba yale si maharage ya hosteli. Si meupe. Hayana siki. Binti ataonja kijiko kimoja mbele ya watu wote na atajua.

Mama alipakua. Upendo alichota kijiko, akakipeleka mdomoni, akakirudisha haraka. Akapuliza. Akaonja. Akatafuna pole pole huku akimtazama mama yake.

"Mama, haya yametoka wapi?"

"Mikumi," alisema Mama Upendo. "Hosteli. Gama ndiye aliyeyaleta."

"Mikumi?" Upendo akapuliza kijiko cha pili. "Na yanaunguza ulimi hivi?"

Mimi niliangalia viatu vyangu.

"Na zile siku pia yalikuwa yanaunguza," Upendo aliendelea, na sauti yake ilikuwa kati ya kicheko na kitu kingine. "Natoka shule, unafungua begi lako la safari, unatoa hotpot, unaniambia haya ni ya wageni, kula upesi. Nguo zako zote kwenye begi baridi, hotpot inawaka moto. Mama! Kutoka Mikumi hadi hapa?"

Mama Upendo alijifunika uso kwa kitenge, mabega yakaanza kutikisika. Alipotoa uso alikuwa anacheka na kulia kwa pamoja, na wanja ulikuwa umekwisha habari yake. "Ulikuwa unakataa maharage ya nyumbani," alisema. "Bibi yako kila siku maharage, ukawa huli. Na ya kopo yalikuwa hayabaki, wageni wanamaliza. Nikawa nayapika kwa bibi yako, na sukari guru, wewe ukiwa shule, nayafunga kwenye begi. Ulijua lini?"

"Darasa la tatu."

"Mbona hukusema, mwanangu?"

"Ningesema, ungeacha kuniletea."

Upendo akachota kijiko kingine, safari hii akamlisha mama yake. "Haya ndiyo niliyoyaomba," alisema. "Ya hosteli yenyewe sijawahi hata kuyaonja."

Ndipo kutoka nyuma kabisa, kwenye kundi la Kimamba, ikasikika sauti ya shangazi yangu: "Kumbe ya moto yapo! Sasa yale ya baridi mlitulisha ya nini? Na siki ilizidi!"

Hilo la siki nililiwaza kwa muda mrefu. Nilikuja kukubali kwamba alikuwa sahihi.

Tangu siku ile niliacha kuagiza haradali na kutafuta maharage meupe. Mama Upendo alistaafu kweli, kwa umri na kwa barua, akahamia Mabwerebwere moja kwa moja, akaniachia sufuria, mfuniko na nafasi yake. Jana nilimpigia simu kumuaga. Nilimwambia naogopa kazi mpya, maana nimekaa jikoni muda mrefu, na huenda niliyoyasoma chuoni yamenitoka.

"Utayasoma tena. Kingine?"

Nikamwambia sijui wenzangu wapya watanipokeaje.

"Wapikie. Kingine?"

Nikamwambia naogopa kwamba jikoni humu nitasahaulika.

"Mngoni aliyewapa shangazi zake maharage ya bibi harusi? Huko Mabwerebwere wanakuhadithia mpaka leo. Kingine?"

"Hakuna, mama."

"Basi nenda, mtani."

Zawadi, mwiko nimeutundika kwenye msumari ulipo siku zote. Shabani, mkaa uko nyuma, umefunikwa. Siku makopo yakikwama mtajua la kufanya, na siku yasipokwama fanyeni hivyohivyo. Ila yapelekeni mezani yakiwa ya moto, mtu apulize kwanza kabla ya kula, ajue kwamba aliyempikia yuko karibu.